Kibodi, piano ya umeme au piano ya mbao: ukiwa Mbeya ununue ipi?

Dada yangu yuko Tukuyu, juzi kanipigia usiku, hata salamu ya "ugonile" haijaisha kashasema kaka, mtoto kapata mwalimu wa piano, nimnunulie nini na usinizungushe. Nikaanza kumtumia meseji ndefu za WhatsApp, moja leo moja kesho, mpaka akachoka akaniambia andika zote sehemu moja na wengine wasome. Ndo hii hapa. Mi sio fundi wala sijasomea muziki chuo, napapasa kinanda kanisani hapa Mbeya mjini mwaka wa kumi na kitu sasa, na nishawahi kuuziwa mbuzi kwenye gunia, hiyo nitaielezea huko chini.

Kwanza tuelewane majina maana kwetu chochote chenye kii nyeupe na nyeusi tunaita piano, au kinanda, basi. Mi hapa nikisema kibodi namaanisha ile ya plastiki ya kii 61 yenye spika zake na midundo ndani, tunayoiona kila harusi. Nikisema piano ya umeme ni ile ya kii 88 ambazo ukibonyeza zina uzito, haina mbwembwe nyingi. Piano ya mbao ni piano yenyewe, kabati kubwa lenye nyuzi na nyundo ndani, haijui umeme ni nini. Ile ya kulala, ya miguu mitatu, tuiache, kama una hela hiyo hauko hapa unasoma.

Sasa kabla ya bei, angalia kitu kimoja: je hiyo kitu inasikia kidole? Yaani ukibonyeza taratibu ilie taratibu, ukikandamiza ilie kwa nguvu, na katikati hapo iwe na ngazi zake zote. Piano ilizaliwa kwa sababu hiyo tu. Kabla yake Ulaya walikuwa na harpsikodi, ukibonyeza kii kuna kikucha kidogo cha unyoya wa ndege kinadonoa uzi, na kinadonoa vilevile hata ukipiga ngumi. Walikuwa pia na klavikodi, hiyo ilisikia kidole vizuri sana ila sauti yake ndogo mno, mtu akikohoa chumbani umeshaikosa. Akatokea Muitaliano mmoja, Bartolomeo Cristofori, alikuwa mtunza vyombo vya muziki wa mwana wa mtawala wa ukoo wa Medici pale Florence, na kwenye orodha ya vyombo ya mwaka 1700 kuna chombo chake kimeandikwa kwamba kinatoa piano na forte, kwa Kitaliano ni taratibu na kwa nguvu. Jina ndo likatokea hapo, pianoforte, baadaye watu wakalikata likabaki "taratibu" peke yake, ambalo ukimsikia mpiga kinanda wa kwetu siku ya harambee unacheka.

Ugumu aliokutana nao Cristofori unaeleweka ukifikiria ngoma. Ukipiga ngoma halafu ukaacha mkono juu ya ngozi, mlio unakufa. Nyundo ya piano nayo lazima ipige uzi ikimbie hapohapo hata kama kidole chako bado kimekandamiza kii. Kwahiyo akatengeneza mtambo ambao kii inaisukuma nyundo mpaka karibu kabisa na uzi halafu inaiachia, kile kipande cha mwisho nyundo inaruka yenyewe kama jiwe lililotoka mkononi. Piano zake zilizobaki duniani ni tatu tu, ya zamani kuliko zote ni ya 1720, iko makumbusho ya Metropolitan New York, ina kii 54.

Hii unaweza kuihisi mwenyewe. Kanisani kwetu kuna piano ya mbao stoo, nilimwonyesha huyu mjomba wangu wa Tukuyu (mtoto wa dada, ana miaka tisa) walipokuja Pasaka. Nikatoa ubao wa juu, nikamwambia bonyeza kii moja polepole kama hutaki kuamsha mtu. Nyundo ikapanda, ikapanda, karibu na mwisho kidole kikahisi kakitu kanashtuka, tik, nyundo ikarudi chini bila kugusa uzi wala mlio wowote. Akanitazama kama nimemfanyia kiini macho. Nikamwambia rudia haraka kidogo. Ikalia. Akarudia ile ya kimya mara kama ishirini, tukaitwa kula hakuja. Alichokuwa anachezea pale ni kazi ya Cristofori, miaka mia tatu na zaidi.

Haya, kibodi.

Kibodi za bei ya chini kabisa, zile zinazopangwa dukani pamoja na redio na pasi, nyingi hazisikii kidole. Gusa, piga, kandamiza, sauti ni ileile. Kwa hiyo ukimnunulia mtoto anayejifunza piano umemrudisha nyuma kabla ya 1700, umemnunulia harpsikodi yenye betri. Kuipima ni rahisi, zima midundo yote, weka sauti ya piano, bonyeza kii moja kwa kucha halafu ipige kwa nguvu, usikilize. Kama hakuna tofauti rudisha sandukuni. Muuzaji atakwambia "hii ina sauti mia tano bosi", mwambie mi nataka moja inayonisikia.

Ila kibodi isidharauliwe, mi ndo inanilisha. Inabebwa na mtu mmoja, kilo nne mpaka saba hivi, unapanda nayo bajaji kutoka Soweto mpaka Uyole, nyingi zinakubali betri kwahiyo umeme ukikatika katikati ya pambio kwaya haikatiki. Ina midundo, ina besi, ina tarumbeta za uongo. Na ina transpozi, kitufe cha kupandisha au kushusha kii zote kwa pamoja, hapa tuseme ukweli wapigaji wengi wa kwetu tunapiga kila kitu kwenye C halafu mwimbaji akianzia anakojua yeye tunabonyeza transpozi, mbili juu, tatu chini, maisha yanaendelea. Mpigaji wa namna hiyo ukimpeleka kwenye piano ya mbao anapotea kabisa maana ile haina kitufe cha kukuokoa, mi niliaibika hivyo mbele ya bwana na bibi harusi na sina hamu ya kusimulia.

Tena mikono yetu hatukurithi kwenye piano. Wamoravian walifika Rungwe 1891, na makanisa ya zamani ya misheni huku nyanda za juu yalizoea kile kinanda cha kukanyaga, unapampu upepo kwa miguu, ndani kuna vijiulimi vya shaba vinatetemeka. Kile nacho kii haisikii kidole, nguvu ya sauti iko miguuni. Ukishikilia kii mlio unaendelea mpaka upepo uishe, wakati piano ukishapiga mlio unaanza kufa hapohapo. Ndo maana mzee aliyejifunza kwenye kile kinanda ukimpa piano anashikilia tu mikono haipandi, na ndo maana kwenye kibodi tunapenda sauti ya ogani na ile ya "strings" inayojaa jaa. Kwa nyimbo za sauti nne inafaa kabisa. Hata Yamaha unayoiona imeandikwa kwenye nusu ya kibodi za Mbeya ilianzia hapohapo, Torakusu Yamaha mwaka 1887 aliitwa kutengeneza kinanda cha upepo kilichoharibika kwenye shule moja Hamamatsu, Japani, akajifunza kilivyo akaanza kuunda vyake, piano ya kwanza ya kusimama wakaitoa 1900.

Sasa piano ya mbao, hapa nikae kidogo maana ndipo hela za watu zinapopotelea.

Piano za mwanzo zilikuwa za mbao tupu. Watu wakataka kumbi kubwa, sauti kubwa, kwahiyo nyuzi nene zilizokazwa zaidi, na mbao zikaanza kupinda na kupasuka. Mwaka 1825 huko Boston jamaa anaitwa Alpheus Babcock akapata hataza ya fremu ya chuma iliyomiminwa kipande kimoja, na 1859 Steinway wa New York wakapata ya kupitisha nyuzi za besi juu ya nyingine kwa mshazari kwenye piano ya kulala, ili nyuzi ziwe ndefu ndani ya kabati lilelile. Sébastien Érard wa Paris alishaweka 1821 mtambo unaokuruhusu kurudia noti haraka kabla kii haijapanda yote, ila huo ni wa piano za kulala, za kusimama zina wake. Kufika miaka ya 1880 kii 88 ndo zikawa kawaida mpaka leo. Matokeo yake ndani ya lile kabati kuna nyuzi kama 230 hivi (kii nyingi zina nyuzi tatu tatu), na mvutano wake ukijumlisha ni kama tani 18 mpaka 20. Tani! Fuso mbili za viazi zinavuta ndani ya sebule yako mchana na usiku, na kitu kinachozuia ni chuma na misumari ya kukazia iliyopigiliwa kwenye ubao.

Ndo nirudi kwenye mbuzi wangu. Miaka kadhaa nyuma tulichanga watu wachache tukanunua piano ya kusimama ya mtumba Dar, kwa picha. Picha ilikuwa nzuri, kabati linang'aa, vishikio vya mishumaa vya shaba, kila mtu akasema hiyo ni ya kizungu haswa. Bei yenyewe ilikuwa poa, kilichotumaliza ni mengine. Ina uzito kama kilo 250, ikapakiwa kwenye fuso ikapanda mlima Kitonga ikiwa imelala kwa mgongo na imefungwa kamba za katani, Makambako ikanyeshewa. Tulipoifungua stoo, nikatoa ubao wa mbele nikaona nyaya nyembamba zimejipanga juu ya nyundo kama tundu la kuku. Baadaye nikajifunza kwamba hizo ni piano za zamani ambazo vizuia mlio vyake viko juu ya nyundo badala ya chini, havikabi uzi vizuri kwahiyo sauti zinabaki zinaelea elea, na mafundi hawazipendi. Nyundo zilikuwa zimetafunwa, ile sufu iliyogandamizwa panya anaiona godoro. Lakini ugonjwa wenyewe ulikuwa misumari: fundi kutoka Dar alikuja, tukamlipia basi na kulala, akakaza siku nzima, jioni ikalia vizuri tukapiga makofi, asubuhi kii za katikati zimeshashuka. Ubao umelegea, msumari hauna pa kung'ang'ania. Na ilikuwa imekaa karibu nusu toni chini ya 440 (mitetemo kwa sekunde), kipimo cha noti A ambacho dunia ilikubaliana London 1939, kwahiyo kundi la tarumbeta wakipuliza na sisi tukipiga ilikuwa kama majirani wawili wanagombana. Alietuuzia simu ikawa haipatikani. Ile ndo piano ya stoo, ya kuonyeshea watoto nyundo.

Kwahiyo ukienda kuangalia piano ya mbao nenda mwenyewe na tochi na mtu anayepiga. Bonyeza kii zote 88 moja moja, usione aibu, hata kama mwenye nyumba anakodoa. Kila kii sikiliza kama noti moja ina sauti mbili zinazogombana (zile nyuzi tatu zimeachana), na kama sehemu moja imechafuka zaidi ya nyingine uulize ilikazwa lini mara ya mwisho. Angalia kutu kwenye nyuzi. Angalia ule ubao mkubwa wa nyuma unaotoa mlio kama umepasuka, ufa mdogo sio mwisho wa dunia ila ukivuma kama bati achana nayo. Halafu swali ambalo watu hawaulizi: nani ataikaza? Piano ya mbao inataka kukazwa mara mbili kwa mwaka ikiwezekana, na ukiihamisha uiache wiki kadhaa izoee chumba ndo umwite fundi. Huku kwetu fundi wa piano kumpata ni kazi, na ukimwita kishoka mwenye spana ya baiskeli atakukatia uzi na unaweza kukupiga usoni.

Alafu hali ya hewa. Mbao inakunywa unyevu masika inavimba, kipupwe na upepo wa Agosti inakauka inasinyaa, na kila inapofanya hivyo sauti inapanda na kushuka nayo. Iringa kukavu, hatari ni kupasuka na kulegea. Tukuyu ndo kabisa, mvua karibu mwaka mzima, hata viatu kabatini vinaota ukungu sembuse sufu ya nyundo, na nyuzi zinashika kutu hujamaliza mwaka. Usiiweke dirishani penye jua la asubuhi, wala karibu na jiko la mkaa la kuotea moto Juni. Watu wanaweka kopo la maji ndani ya kabati kiangazi, mi naona linasaidia roho ya mwenye piano kuliko piano.

Ila nisiwe mnafiki. Ikiwa nzima na imekazwa, hakuna kitu kama hiyo. Unabonyeza kii moja ya besi, unaacha pedali ya kulia imekanyagwa, na nyuzi zingine zinaanza kuvuma zenyewe bila kuguswa, unausikia kwenye magoti. Shule yenye ukumbi na bajeti ya fundi kila mwaka, au misheni yenye nyumba ya mawe isiyobadilika joto sana, wanunue tu, na wanunue yenye fremu nzima ya chuma na nyuzi za mshazari.

Piano ya umeme. Hapa kuna watu wanadhani ni kibodi ndefu, hapana. Ndani ya kii kuna vinyundo vya kuweka uzito, nzito upande wa besi na nyepesi juu, kama kwenye piano ya mbao, na chini kuna sensa zinapima kii imeshuka kwa kasi gani, kompyuta inachagua rekodi ya piano halisi iliyopigwa kwa nguvu hiyohiyo. Inasikia kidole kwa namna yake. Yamaha walianza kutoa Clavinova 1983, mwaka uleule ambao makampuni yalikubaliana lugha moja ya vyombo kuongea, MIDI, ndo maana leo unachomeka waya kwenye laptop na inaelewa.

Haikazwi kamwe. Mvua inyeshe, Kitonga ipandwe, A ni 440. Ina tundu la hedifoni, mtoto anafanya mazoezi saa tatu usiku na jirani hajui, jambo kubwa sana kwenye nyumba zetu za kupanga ukuta mmoja. Yamaha P-45 kwa mfano ina kilo 11.5, inakaa nyuma ya bodaboda kwa mtu jasiri. Angalia namba inayosema sauti ngapi kwa pamoja, hiyo P-45 ina 64, kwa mtoto inatosha, ukikanyaga pedali na kupiga vitu vinene zinaanza kukatwa kimyakimya, ndo wengine wanatafuta 128 na kuendelea.

Ubaya wake ni umeme. Nyingi zinataka adapta, na umeme ukirudi kwa kishindo adapta inaondoka nayo, kwahiyo hesabu na stabilaiza, na usichomeke adapta ya redio eti plagi imeingia, angalia volti na upande wa chanya na hasi. Kuna chache za betri, Casio Privia PX-S1100 inakula betri sita ndogo za kawaida. Vumbi la kiangazi linaingia kwenye kii, funika na kitenge. Na ikifa kabisa baada ya miaka kumi na kitu imekufa, wakati piano ya mbao nzuri inamzika mwenyewe. Haina midundo ya maana pia, ukiipeleka harusini MC atakuuliza kwaito iko wapi.

Sasa nani achukue nini. Kwaya, uimbaji wa mtaani, harusi: kibodi ya kii 61 inayosikia kidole, usijipe shida. Mtu mzima anayetaka tu kujifunza nyimbo za ibada, hiyohiyo inatosha mwaka mzima. Kama mtoto ana mwalimu anayemfundisha nota na anataka aje afanye mitihani ya piano, nunua ya umeme ya kii 88 zenye uzito, hata ya mtumba, hata kama itabidi usubiri mavuno mengine mawili, maana vidole vikizoea kii za plastiki kubadilika baadaye ni mateso, mi shahidi. Stendi ya chuma ile ya msalaba inatingishika, seremala wa hapa Mwanjelwa akikutengenezea meza ya mpaina ya kimo sahihi ni bora na rahisi. Piano ya mbao, kwa nyumba ya mtu binafsi huku milimani, mi nasema hapana mpaka uwe na fundi ambaye namba yake unayo na anapokea.

Dada kasoma yote haya akajibu "kwahiyo ya umeme?" Maneno matatu. Tumeipata moja mtumba kwa mtu anahama mtaa wa Forest hapa Mbeya, kii moja ya juu kabisa haisikii vizuri taratibu lakini hiyo noti mtoto hataifika mwaka huu, adapta yake ya asili ipo, pedali haipo. Jumamosi napanda nayo koster ya Tukuyu, nimeomba siti ya nyuma yote. Mjomba kashauliza kwenye simu kama hii nayo ukibonyeza polepole sana inakaa kimya. Nimejaribu, inakaa. Lakini ile tik haipo.